Mishipa inayopofusha: Dawa ipo, Jumuiya iko wapi?

Na Mwandishi Wetu, Kampala

KILA mwaka, Alhamisi ya pili ya Oktoba, dunia huadhimisha Siku ya Kuona. Hapa Uganda, kama ilivyo kwa majirani zake, hotuba za siku hiyo huwa kuhusu mtoto wa jicho, presha ya macho, trakoma na miwani kwa watoto wa shule. Si kosa. Mtoto wa jicho bado ndiye anayeongoza kwa kuwapofusha watu wa kanda hii.

Lakini upo upofu mwingine ambao hautajwi jukwaani. Unaanzia nyuma kabisa ya jicho, mahali ambapo jirani hawezi kuona doa jeupe na kukushauri uende hospitali. Dawa yake inajulikana na imethibitishwa. Kinachokosekana Kampala, Nairobi, Dar es Salaam na Bujumbura ni utaratibu wa kuifikisha dawa hiyo kwa mgonjwa ikiwa salama, kwa bei anayoimudu, na kabla ya muda kupita. Utaratibu huo ni mgumu kwa nchi moja moja, na hapo ndipo swali la Jumuiya ya Afrika Mashariki linapoingia.

Mlango uliopinda

Anayepatwa na tatizo hili huanza kwa kuona fremu ya mlango imepinda. Nguzo ya umeme iliyonyooka anaiona kama imevunjika katikati. Akimtazama mtu usoni, masikio na nywele anaviona, lakini pua na macho vimefunikwa na kivuli. Hasikii maumivu, na jicho halina wekundu. Kwa kuwa jicho la pili bado ni zima, wengi hawatambui lolote mpaka siku wanapoliziba hilo zima kwa bahati tu.

Kinachotokea ni hiki. Retina ni utando mwembamba ulio nyuma ya jicho, unaopokea mwanga na kuupeleka kwenye ubongo kama taarifa. Chini yake kuna tabaka lenye mishipa mingi ya damu inayoulisha. Kati ya tabaka hizo mbili kuna ukuta mwembamba. Kwa uzee, kwa jeraha, kwa uambukizi au kwa jicho lililorefuka kupita kiasi kwa sababu ya kutoona mbali, ukuta huo hudhoofika na kupasuka. Mishipa mipya hupenya na kuota chini ya retina, pasipostahili kuwa na mishipa.

Mishipa hiyo ni dhaifu. Huvuja maji na damu, ikainua retina kama rangi inavyovimba kwenye ukuta wenye unyevunyevu. Mara nyingi hilo hutokea katikati ya retina, sehemu iitwayo makula, ambayo ndiyo tunayoitumia kusoma, kushona, kutambua sura na kuhesabu noti. Ikiachwa, huacha kovu. Kovu likishakauka, hakuna dawa wala upasuaji unaorudisha uwezo wa kuona uliopotea pale.

Tatizo hili lina ndugu zake. Kisukari cha muda mrefu huharibu mishipa midogo ya retina na kuotesha mingine juu yake. Selimundu, ugonjwa unaofahamika vizuri Uganda, nao huweza kufanya hivyo. Mahali pa kuota panatofautiana, lakini kemikali inayoichochea mishipa ni ile ile. Ndiyo maana dawa moja imekuwa na kazi katika magonjwa kadhaa ya macho.

Si ugonjwa wa Wazungu

Kwa muda mrefu iliaminika kwamba kuharibika kwa makula kwa sababu ya uzee ni maradhi ya Ulaya na Marekani, na kwamba Mwafrika hana haja ya kuyahofia. Imani hiyo ilipata jibu lake Nakuru, Kenya. Dkt. Wanjiku Mathenge na wenzake waliwapima watu zaidi ya 4,000 wenye umri wa miaka 50 na kuendelea. Matokeo yaliyochapishwa mwaka 2013 yalionyesha kwamba asilimia 11.2 walikuwa na dalili za mwanzo za ugonjwa huo, na asilimia 1.2 walikuwa wamefika hatua ya mwisho.

Asilimia 1.2 inaweza kuonekana ndogo. Lakini Jumuiya sasa ina nchi nane na watu zaidi ya milioni 300. Ingawa walio wengi ni vijana, idadi ya wazee inaongezeka, na kila mwaka wako wanaovuka miaka 50 na kuingia kwenye kundi la hatari.

Kisukari nacho kinakuja kwa kasi. Shirikisho la Kimataifa la Kisukari lilikadiria kwamba mwaka 2021 Afrika ilikuwa na watu wazima milioni 24 wenye ugonjwa huo, na kwamba watafika milioni 55 mwaka 2045. Uganda, katika uchunguzi wa kitaifa wa mwaka 2014, kiwango kilikuwa cha chini, asilimia 1.4 ya watu wazima. Jambo la kutisha ni kwamba karibu nusu ya waliokutwa nacho hawakuwa na habari. Asiyejua kwamba ana kisukari hawezi kwenda kupimwa macho kwa sababu ya kisukari.

Dawa iliyotoka kwenye saratani

Habari ya dawa hii inaanzia kwenye utafiti wa saratani. Mwaka 1971 Judah Folkman, daktari wa upasuaji wa Boston, alitoa hoja kwamba uvimbe wa saratani hauwezi kukua bila kujiotesha mishipa ya kuulisha, na kwamba ukiizuia mishipa utaudumaza uvimbe. Mwaka 1989 Napoleone Ferrara wa kampuni ya Genentech na wenzake wakaibainisha protini inayoichochea mishipa kuota. Kutoka hapo ikatengenezwa bevacizumab, inayouzwa kwa jina la Avastin, ambayo Marekani iliidhinisha Februari 2004 kwa ajili ya saratani ya utumbo mpana.

Kampuni hiyo hiyo ilitengeneza dawa ya pili ya jamii ile ile, ranibizumab, kwa ajili ya macho. Iliidhinishwa mwaka 2006, na matokeo yake yalibadilisha taaluma nzima. Kabla ya hapo, kazi ya daktari ilikuwa kupunguza kasi ya upofu kwa mionzi ya leza. Kwa sindano ya kila mwezi, wengi wa wagonjwa waliacha kuendelea kupoteza uwezo wa kuona, na takriban theluthi moja waliongeza herufi 15 au zaidi kwenye chati ya kupimia macho.

Tatizo lilikuwa bei. Dozi moja iliuzwa Marekani kwa karibu dola 2,000, ambazo ni zaidi ya Sh milioni 7 za Uganda. Mwaka 2005, kabla hata ranibizumab haijaingia sokoni, Philip Rosenfeld, daktari wa Miami, alikuwa amejaribu kuchoma kiasi kidogo sana cha Avastin ndani ya jicho, na ikafanya kazi. Dozi hiyo iligharimu kama dola 50. Madaktari duniani kote wakamfuata, ingawa mtengenezaji hakuwahi kuiombea Avastin kibali cha macho.

Mwaka 2011 utafiti uliogharamiwa na serikali ya Marekani, uliowalinganisha wagonjwa zaidi ya 1,000, ulithibitisha kwamba dawa hizo mbili zinalingana katika kuokoa uwezo wa kuona. Mwaka 2013 Shirika la Afya Duniani likaiingiza bevacizumab kwenye orodha ya dawa muhimu, kwa matumizi ya macho. Mwaka uliofuata, mamlaka ya ushindani ya Italia ilizitoza Roche na Novartis faini ya zaidi ya euro milioni 180, ikisema zilishirikiana kuwasukuma madaktari kwenye dawa ya bei ghali. Kampuni hizo zilikana na kukata rufaa, lakini zikashindwa.

Kwa hiyo hoja ya kitabibu imekwisha. Dawa nafuu inafanya kazi, na iko kwenye orodha ambayo wizara za afya za kanda hii huitumia kuandaa orodha zao. Tena hataza zake zimeanza kuisha, na kampuni kadhaa, zikiwamo za India, zinatengeneza dawa mfanano.

Hesabu ya kichupa

Basi kwa nini mgonjwa wa Kampala bado anahangaika? Jibu limo ndani ya kichupa.

Kichupa kidogo cha Avastin kina miligramu 100 katika mililita nne, kipimo cha mgonjwa wa saratani. Jicho linahitaji miligramu 1.25 tu, yaani sehemu ya ishirini ya mililita moja. Kwa hesabu ya karatasi, kichupa kimoja kingetosha dozi 80. Kwa hali halisi hupungua, kwa kuwa kila ujazaji wa bomba huacha mabaki, lakini bado ni wagonjwa wengi kwa kichupa kimoja. Hapo ndipo unafuu unapopatikana.

Hapo hapo ndipo hatari ilipo. Kichupa hicho hakina kihifadhi cha kuzuia vijidudu. Kugawa dawa kwenye mabomba madogo kunahitaji chumba safi, kabati maalumu la hewa iliyochujwa, mfamasia aliyefunzwa na jokofu lisilokatika umeme. Vijidudu vikiingia, si mgonjwa mmoja anayeumia. Wanaumia wote waliochomwa siku hiyo kutoka kichupa hicho, na jicho linaweza kupotea kwa siku chache.

Hayo yameshatokea. Mwaka 2011 wagonjwa 12 jimboni Florida, Marekani, waliambukizwa bakteria kwa mabomba yaliyojazwa katika famasi moja. Septemba 2023, katika jimbo la Punjab nchini Pakistan, makumi ya wagonjwa waliathirika, baadhi wakapoteza uwezo wa kuona, baada ya kuchomwa dawa iliyogawanywa bila usalama, na serikali ikasimamisha matumizi yake.

Afrika Mashariki ina sababu yake ya ziada ya kuwa makini. Mwaka 2017 Shirika la Afya Duniani lilitoa tahadhari kuhusu dawa bandia zenye jina la Avastin zilizokuwa zikizunguka katika kanda hii na kugunduliwa Uganda. Zilikuwa zikiuzwa kama dawa ya saratani, lakini somo kwa macho ni lile lile. Dawa ikihitajika sana na njia rasmi ikiwa nyembamba, wa njia ya panya hawachelewi.

Kliniki yenye wagonjwa wawili kwa wiki basi inabaki na uchaguzi mbaya. Ifungue kichupa na kumwaga kilichobaki, wagonjwa wawili wabebe gharama ya wote. Iwaambie wasubiri mpaka wafike wengi, na huku mishipa inavuja. Au itunze kilichobaki bila chumba safi na kuwahatarisha. Huu ndio mtego, na kumlaumu daktari mmoja mmoja hakuutegui.

Mtoto wa jicho husubiri

Yapo maswali ya haki. Je, nchi ambayo bado ina wazee wasiofanyiwa upasuaji wa mtoto wa jicho, upasuaji wa dakika chache, inapaswa kuhangaika na sindano za kila mwezi? Je, si anasa?

Upasuaji wa mtoto wa jicho lazima uendelee kupewa kipaumbele, na fedha zake zisiguswe. Lakini kuna tofauti ambayo wapanga mipango hawapaswi kuisahau. Mtoto wa jicho husubiri. Mzee aliyepofuka mwaka juzi anaweza kufanyiwa upasuaji mwaka huu na kuona tena. Mishipa iliyo chini ya retina haisubiri. Miezi michache ya kuchelewa inatosha kuacha kovu la kudumu.

Sasa fikiria safari ya mgonjwa. Anaishi Arua, karibu kilomita 500 kutoka mji mkuu. Kwanza anaenda duka la miwani, anauziwa miwani isiyosaidia kitu. Kisha anaambiwa huenda ni mtoto wa jicho. Mwishowe anapewa rufaa ya Mulago, ambako hakuna anayemfahamu. Mabingwa wa retina katika nchi hii ya watu milioni 45.9 ni wachache mno, na wengi wako Kampala. Atahitaji kupigwa picha ya tabaka za retina, kisha sindano tatu za mwanzo kila baada ya mwezi, kisha nyingine kadiri jicho linavyoitikia. Kila safari ni nauli mbili, yake na ya mtu wa kumshika mkono, na kazi ya shamba ya siku mbili tatu imelala. Wengi huchomwa mara moja, wakaona nafuu, wasirudi tena.

Uganda ilifuta ada katika vituo vya serikali mwaka 2001, lakini dawa isiyokuwepo kwenye rafu mgonjwa huambiwa akainunue nje. Muswada wa bima ya afya ya taifa ulipitishwa na Bunge Machi 2021, na mpaka sasa mwananchi wa kawaida hana kadi mkononi. Kenya na Tanzania zimepitisha sheria zao mpya za bima kwa wote, na Rwanda ina mfuko wake wa mutuelle kwa miaka mingi. Mgonjwa wa Busia anayeweza kuvuka mpaka kwa miguu hawezi kuvuka na bima yake.

Jumuiya inaweza nini

Ibara ya 118 ya Mkataba wa Jumuiya inazitaka nchi wanachama zishirikiane katika afya, ikiwa ni pamoja na kuoanisha usajili wa dawa. Maneno hayo hayakubaki kwenye karatasi. Mwaka 2012 ulizinduliwa Arusha mpango wa kuoanisha usajili, ambapo wataalamu wa nchi mbalimbali hukaa pamoja kulichambua faili moja la dawa badala ya kila nchi kuanza upya. Mpango huo unafaa kabisa kwa bevacizumab mfanano. Ukaguzi mmoja ulio makini, jina moja, alama moja ya kutambulisha bidhaa halali mipakani, na mwanya wa bandia unapungua.

Hatua ya pili ni vyumba vya kugawia. Si kila hospitali inahitaji kimoja. Kampala inaweza kuwa nacho kimoja chenye leseni na kinachokaguliwa, kinachojaza mabomba kwa ajili ya Mulago, Mengo, Mbarara na Tororo, kila bomba likiwa na namba ya kichupa lilikotoka ili likitokea tatizo lifuatiliwe siku hiyo hiyo. Kabati za namna hii si ngeni, kwa kuwa dawa za saratani nazo huchanganywa humo. Taasisi ya Saratani ya Uganda iko kwenye kilima hicho hicho cha Mulago, na watu wake wanaijua kazi hiyo. Ushirikiano huo hauhitaji mkutano wa wakuu wa nchi, unahitaji makubaliano ya idara mbili na bajeti.

Hatua ya tatu ni kuamua nani anafanya nini. Jumuiya imekwisha kugawana vituo vya umahiri: Uganda saratani, Kenya figo, Tanzania moyo, Burundi lishe, Rwanda uhandisi wa vifaa tiba na chanjo. Macho hayamo. Kanda ina chuo cha pamoja cha madaktari bingwa wa macho wa Mashariki, Kati na Kusini mwa Afrika, chenye makao yake Nairobi, kinachoweka viwango vya mafunzo. Kimejenga msingi ambao mawaziri wa afya hawajaujengea nyumba.

Hatua ya nne, na pengine ya bei nafuu kuliko zote, ni kumtafuta mgonjwa kabla hajapofuka. Kigali imeshatoa ushahidi. Katika utafiti uliochapishwa mwaka 2022, aliouongoza Dkt. Mathenge yule yule wa Nakuru, wagonjwa wa kisukari walipigwa picha za retina na kompyuta ikazisoma. Kati ya waliohitaji rufaa na kupewa majibu papo hapo, asilimia 51.5 walikwenda kwa daktari wa macho. Kati ya waliosubiri siku kadhaa majibu yasomwe na mtaalamu, walikwenda asilimia 39.6. Tofauti hiyo haikuletwa na dawa mpya wala jengo jipya. Imeletwa na mtu kuambiwa jibu lake kabla hajapanda gari kurudi nyumbani.

Ukiangalia takwimu hizo kwa jicho la pili, utaona pia kwamba hata kwenye kundi lililofanya vizuri, karibu nusu hawakwenda. Mashine haimlipii mtu nauli. Bila kliniki za mikoani zinazochoma sindano kwa siku maalumu, wagonjwa wakipangwa pamoja ili kichupa kisimwagwe, picha nzuri itaishia kuwa picha.

Gharama ya kungoja

Wanaopinga watasema fedha hakuna. Lakini upofu nao una bili, ila hailetwi Wizara ya Fedha. Inalipwa na mjukuu anayeacha shule ili amwongoze babu, na fundi cherehani anayefunga kibanda akiwa na miaka 55. Inalipwa na mama mwenye duka anayeanza kuwauliza wateja wenyewe noti walizompa ni za shilingi ngapi.

Utangamano umezoeleka kuzungumzwa kwa lugha ya reli, bomba la mafuta na ushuru wa forodha. Raia wa kawaida ataupima kwa mambo madogo zaidi. Dozi ya sehemu ya ishirini ya mililita, iliyokaguliwa kwa pamoja, ikajazwa kwa usalama Kampala na kufika Mbarara ikiwa baridi, ni kipimo kimoja kizuri.

Mkutano ujao wa mawaziri wa afya wa Jumuiya unaweza kuliweka suala la macho kwenye ajenda bila kungoja mfadhili. Na wewe msomaji unaweza kuanza leo bila kumngoja waziri. Ziba jicho moja kwa kiganja, tazama fremu ya mlango, kisha badilisha jicho. Ukiona mstari umepinda, usiende duka la miwani. Nenda hospitali wiki hii, na uwaambie kwamba umeanza kuuona mlango umepinda.